Kichwa cha Kuvundikia Ndizi

Lori la ndizi kutoka Matombo liliingia Mtaa wa Sikukuu muda mfupi baada ya adhana ya alfajiri, na wachukuzi wakaanza kushusha mikungu huku wakitaniana. Vitalis alisimama mlangoni, kikoi kiunoni, akiugonga kwa kidole kila mkungu uliompita. Mzuzu, kisukari, mkono wa tembo, yote mibichi kama ilivyokatwa. Ilipitishwa ukumbini, ikavuka ua, ikaingia chumba cha mwisho upande wa jikoni. Chumba hicho hakikuwa na dirisha, na Vitalis alikikodi kwa kazi moja tu, kuvundikia.

Kuvundika si kazi ya ajabu, kila mwuza ndizi wa Kariakoo aliijua. Unakata chane kutoka kwenye mkungu, unazipanga juu ya majani makavu ya mgomba, unazifunika magunia, unaweka jiko la makaa yenye moshi pembeni, unafunga mlango, unangoja. Joto likiwa zuri unangoja siku nne. Wakati wa masika unangoja mpaka unachoka, na nyingine zinaoza kabla ya kuiva, upende usipende.

Asubuhi ile mkewe, Candida, aliamka na msumeno wa mwanga jichoni. Alikuwa akiujua. Ulimjia kila mwezi, siku moja au mbili kabla ya damu: kwanza mstari unaometameta wenye meno, kisha nusu ya dunia inapotea, kisha kichwa chenyewe, upande wa kulia tu, kuanzia kwenye panja mpaka nyuma ya jicho, kikigongwa kutoka ndani. Watu wanakiita kipanda uso, na wasio nacho hudhani ni kichwa cha kawaida. Chumba chao cha kulala kilitazama barabara, na ng'ambo ya barabara walikaa mafundi bati wanaotengeneza vibatari, ambao walianza kugonga jua likichomoza na kuacha likizama. Dirisha lilikuwa na nyufa, na kila ufa ulipitisha jua lake.

Basi Candida akajikaza kanga kichwani, akachukua mkeka na bakuli la kutapikia, akaenda kulala kwenye chumba cha ndizi. Ndicho kilikuwa chumba pekee chenye giza katika nyumba nzima.

Alasiri Vitalis alifungua mlango kutazama makaa. Chane zote zilizokuwa upande wa kulia wa mkewe zilikuwa zimeiva, njano tupu, nyingine zimeshaanza madoadoa. Za upande wa kushoto zilikuwa mbichi vilevile. Ndizi moja iliyoanguka katikati, karibu na utosi wake, ilikuwa imeiva nusu. Vitalis aliiokota, akaibonyeza, akaimenya, akaila ile nusu iliyoiva. Kisha akamtazama mkewe, aliyekuwa ameinamia bakuli.

"Mwezi ujao," akasema, "ukilala uwe unageuka."

Hakuna aliyepigwa na butwaa. Mzee Shaibu, mtu wa Lindi, ndiye aliyekuwa msemaji wa wauza matunda pale sokoni. Aliitwa aje aone, akaja, akala ndizi mbili akiwa amesimama, akasema kwao alikuwapo mwanamke aliyegandisha maziwa kwa kuyatazama. "Mungu humpa kila mja chake," akasema. "Kilichobaki ni mpango."

Mpango ukapatikana. Malori ya Matombo, ambayo zamani yalikuja yanavyotaka, sasa yalikuja kwa kufuata mwezi wa Candida. Siku msumeno ulipomwingia jichoni, Vitalis alimshika mkono akampeleka chumbani taratibu, maana hakuwa mtu wa kupiga mke, na majirani walimsifu sana kwa hilo. Alimtandikia mkeka katikati. Chane zilipangwa kumzunguka pande zote. Mchana aliingia kumgeuza, kama mtu anavyogeuza chapati, ili kichwa kielekee upande wa pili. Jioni mlango ulipofunguliwa, harufu ya ndizi mbivu ilitoka mpaka barabarani, na mafundi bati waliweka nyundo chini wakameza mate.

Candida hakuweza tena kula ndizi. Harufu yake tu ilimtapisha, hata siku ambazo kichwa kilikuwa kizima. Hilo halikumshughulisha mtu, kwani ndizi zilikuwa za kuuza.

Wakagundua na mengine. Kichwa kikiuma kidogo, ndizi ziliiva ganda tu, ndani zikabaki na kiini kigumu. Kikiuma sana, ziliiva mpaka moyoni, tamu, laini, hazihitaji sukari wala nazi. Siku moja Candida alimeza aspirini, akapata kausingizi, na mzigo mzima ukatoka na mabaka ya kijani. Wateja walirudisha. Vitalis hakugomba. Alikwenda kwa Mhindi wa duka la kona, wakaongea kiutu uzima, na tangu siku ile Candida akienda kuuliza aspirini Mhindi alimjibu kwa upole kwamba zimekwisha. Kopo lenyewe lilikuwa rafuni, nyuma ya bega lake. Candida aliliona, na Mhindi aliona kwamba ameliona, akamwongezea pipi moja ya bure.

"Vumilia, mke wangu," Vitalis alimwambia aliporudi. "Mvumilivu hula mbivu."

Bi Zamda, mwenye nyumba, aliyasikia hayo akiwa uani anakuna nazi. Alikuwa Mzaramo wa makamo, mkunga na kungwi, na mdomo wake haukuwa na kizibo. "Mvumilivu hula mbivu!" akasema. "Loo! Huyu mbivu ndizo zinamla yeye!"

Kilichomuudhi Bi Zamda zaidi si maumivu. Maumivu aliyajua. Ni ile aibu. Msichana akivunja ungo hufundwa kuzificha siku zake, baba asijue, kaka asijue, hata vitambaa vyake avianike chini ya kanga. Na sasa siku za Candida zilitangazwa sokoni kama bei ya nazi! Dereva wa lori akikutana naye barabarani alimwuliza kwa adabu zote, "Shemeji, tuje Jumatano au Alhamisi?" Wachukuzi walijua. Wauza machungwa walijua. Mzee Shaibu, hajji mzima, alijua. Candida alijifunza kutembea akitazama vidole vya miguu yake.

Mara moja alipita Bwana Afya, Mzungu wa kukagua vyakula, akafunguliwa mlango, akamkuta mwanamke amelala kati ya chane za ndizi, kanga usoni. Akauliza kama mama ni mgonjwa. Vitalis akasema amejipumzisha. Bwana Afya akaeleza kwamba sheria hairuhusu mtu na chakula kulala chumba kimoja, lazima kimojawapo kitolewe. Candida akatolewa, akakalishwa uani juani, mikono machoni, mpaka Bwana Afya alipopinda kona. Kisha akarudishwa. Ndizi za siku ile zilikuwa tamu kupita kiasi, na watu walizisifia wiki nzima.

Sasa, huyu Candida alikuwa mwaka wa nne ndani ya ndoa na hajazaa. Alikuwa na mjomba mmoja kule Matombo, Isidori, aliyemlea na kumwoza, na Isidori kila alipopata mtu wa kuja Dar es Salaam alimtuma aulize habari moja tu. Kwa Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama. Baba anazaa, anabeba, akipenda anapenda, lakini mtoto ni wa wajomba zake. Isidori alikuwa na dada mmoja, na dada huyo alikufa akiacha binti mmoja, ndiye Candida. Ukoo mzima ulikuwa unamsubiri yeye. Candida alilijua hilo vizuri, na usiombe kulijua jambo kama hilo ukiwa umelala kati ya ndizi za watu.

Mwezi mmoja lori likaja na msumeno usije. Candida alipelekwa chumbani hivyo hivyo, pengine kichwa kitaanzia humo humo. Alilala. Alilala usingizi ambao hakuulala tangu usichana wake, akaota anatwanga na marehemu mama yake. Mlango ulipofunguliwa jioni, Vitalis, Mzee Shaibu na wauzaji kadhaa walikuwa wamejipanga pale na matenga yao. Ndizi zilikuwa mbichi, zote, kulia na kushoto.

"Kichwa?" Vitalis akauliza.

"Hakiumi."

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo," akasema Candida, na bila kukusudia akatabasamu. Wanaume wakamtazama yule mwanamke anayetabasamu, wakatazama matenga yao matupu, wakaondoka nayo.

Ni Bi Zamda aliyemwita chumbani kwake, akafunga mlango, akamkagua macho na matiti, akamwuliza maswali mawili matatu. Akapiga kigelegele cha chinichini, cha kutosha watu wawili. "Una mimba, mwanangu. Na hicho kichwa chako, nisikilize, ni kichwa cha mwezi. Kinafuata damu. Damu ikikaribia kushuka kinaamka, damu ikitulia nacho kinatulia. Utabeba mimba yako bila kichwa. Ukinyonyesha, nyonyesha sana, kitaendelea kulala. Mimi changu kililala kwa kila mtoto, nikazaa saba ili nipumzike! Ukizeeka, ada ya mwezi ikikaribia kukoma, kitaamka na wazimu wake, halafu ikishakoma kitakufa chenyewe. Lakini hiyo ni safari ndefu. Sasa hivi kimelala, na wewe mshukuru Mungu wako."

Candida alishukuru. Jamani, alishukuru! Saa sita mchana alitoka akasimama katikati ya barabara, kichwa wazi, akalitazama jua lilivyopiga kwenye mabati ya Kariakoo nzima. Halikumfanya kitu. Alikwenda kukaa karibu na mafundi bati, akawasikiliza wakigonga, akawaambia wanagonga vizuri. Wao walidhani anawakejeli. Alikula samaki wa kukaanga barabarani. Alicheka na watu. Kila asubuhi alijiminya panja la kulia, akalikuta kimya, akajishika tumbo, akaongea nalo kwa Kiluguru. Alikuwa na furaha iliyomtisha yeye mwenyewe.

Vitalis alijaribu njia za kiungwana. Alimlaza na kibatari usoni. Alichoma pilipili kwenye jiko la makaa. Alimnyima chakula cha mchana, kisha akaona haya, akampa. Aliwaomba mafundi bati waje wagongee uani, na wakaja, kwani nao walikuwa na hamu ya ndizi. Candida alipiga chafya kwa ile pilipili, akamaliza, akalala fofofo. Ndizi zikabaki kijani, na zile za chini zikaanza kuoza.

Miezi ikaenda, tumbo likaonekana. Masika yakaanza kunyesha, na Ramadhani ya mwaka ule ilikuwa inakuja ndani ya masika yenyewe, wakati ambapo ndizi haziivi kwa jiko wala kwa dua, na watu wanazitaka kwa futari. Jioni moja Candida alikuwa anafagia ukumbini, na mumewe amekaa barazani nje na Mzee Shaibu.

"Mkeo atajifungua lini?" Mzee Shaibu akauliza.

"Baada ya Idi. Mbali."

"Na akishajifungua, atanyonyesha."

"Atanyonyesha."

Mzee Shaibu akavuta tasbihi yake punje kadhaa. "Lakini mtoto ni baraka, Bwana Vitalis. Hatuwezi kusema kitu."

"Baraka ya nani, mzee wangu?" akasema Vitalis bila ukali wowote. "Nyie kwenu mtoto ni wa baba. Kwetu huyo ni mtoto wa Isidori. Ndizi ndizo zangu."

Mzee Shaibu akasema watu wa bara wana mambo, akajikung'uta, akaenda kuswali magharibi. Candida alibaki na ufagio mkononi. Aliogopa, kwa mara ya kwanza akamwogopa mume asiyepiga. Kesho yake akamtumia mjomba wake ujumbe kwa mdomo wa dereva: njoo unichukue, nataka kuzalia nyumbani.

Lori liliporudi, Isidori hakuwamo. Alituma salamu kwamba anamalizia kupalilia mpunga, mwezi ukiandama atafika yeye mwenyewe, mpwawe awe na subira. Aliyekuwamo, amekaa juu ya mikungu na mwavuli mkononi, alikuwa Bibi Blandina, mama yake Vitalis. Alikuwa mwanamke mwembamba, msafi, mwenye sauti ya chini. Alishuka mwenyewe bila kushikwa.

"Shikamoo, mama," akasema Candida, akapiga goti.

"Marahaba, mwanangu. Nimesikia una mzigo, nimekuja kukusaidia kuubeba."

"Mgeni njoo, mwenyeji apone," akasema Vitalis, akabeba kikapu cha mama yake.

Na kwa kweli Candida alipona uchovu wote. Bibi Blandina hakumwacha ainue ndoo. Alimkanda miguu. Alimpikia mchicha na dagaa, akamsuka nywele uani kila alasiri, vidole vyake vikipita taratibu juu ya panja lile la kulia. Siku moja akiwa anasuka akamwambia, "Hapa ndipo kinapokaa, eh? Changu kilikaa kushoto."

Candida akageuka kumtazama.

"Tulia, utaharibu mstari. Changu kilikaa kushoto. Baba yake Vitalis alikuwa na shamba kubwa la kisukari, akanijengea kibanda katikati ya shamba. Miaka yote hiyo. Nilipofikia umri wa kukoma, kikaharibika kabisa, kikawa kinakuja bila mpango. Mwezi mmoja kiliivisha ndizi za milima mitatu kwa mara moja, zingali mtini. Watu wakala mpaka wakaumwa, kisha wakakaa na njaa. Halafu ada ikakoma nacho kikafa. Sasa hata sikumbuki kilivyouma." Akafunga nywele za mwisho kwa uzi. "Haya, tayari. Umependeza."

Candida alilia kwa faraja. Alikuwa hajawahi kukutana na mtu aliyelala pale alipolala yeye. Aliona amepata mama mwingine, akamwambia hivyo, na Bibi Blandina akampangusa machozi kwa ncha ya kanga yake.

Siku chache kabla ya mwezi wa Ramadhani kuandama, Bibi Blandina alimpikia uji wa mtama, mzito, akautia asali aliyokuja nayo kutoka Matombo. Alikaa akimtazama anakunywa. "Maliza," akasema. "Chini ndiko kuna nguvu." Candida akamaliza, akalamba na kijiko.

Maumivu ya tumbo yalianza kabla hajaosha bakuli.

Bi Zamda alikuwa ameitwa kuzalisha Ilala, akarudi mimba ikiwa imeshatoka. Alifanya kilichobaki cha kufanya. Alimfunga Candida vizuri, akamfunika, na yule mdogo akamviringisha katika kipande cha kanga mpya. "Alikuwa wa kike," akasema, kwa sababu mtu ana haki ya kuambiwa. Kisha akalinusa bakuli la uji, lililokuwa bado karibu na jiko. Akamtazama Bibi Blandina, na Bibi Blandina akamtazama yeye bila kupepesa. Wanawake wa dawa wanajuana.

"Wewe ni mtu?" Bi Zamda akamwuliza. "Mwanamke mwenzio! Tena unakijua hicho kichwa!"

"Nakijua," akasema Bibi Blandina. "Ndiyo maana nimekuja mimi, sikutaka atumwe mtu asiyejua kupima dawa, akamwua." Akasogea akakaa karibu na mke wa mwanawe, akamshika mkono, na Candida hakuwa na nguvu ya kuuondoa. "Mimi nilinyweshwa na mama yake mume wangu. Kila mara. Vitalis alipona kwa sababu mwaka ule migomba ilishikwa na ugonjwa, hapakuwa na cha kuivisha. Sikupata binti. Ukoo wangu utaishia kwangu. Nimebakiwa na huyu mwana mmoja tu, na mwanangu ana mzigo wa mfungo unaoozea chumbani. Wa kwako angekuwa wa kwenu. Unanielewa, mwanangu? Mara ya kwanza ndiyo mbaya. Utazoea."

Candida alielewa kila neno. Hilo ndilo lililokuwa baya kuliko yote.

Damu iliposhuka namna ile kwa ghafla, kichwa hakikungoja mwezi. Kiliamka siku ya tatu, na msumeno haukuwa na subira ya kuanza upande mmoja, ulikata macho yote mawili. Candida hakupelekwa chumbani. Hapakuwa na haja. Alilala kitandani kwake, akiuma mto, na ndizi za chumba cha uani ziliiva kabla Vitalis hajamaliza kuzifunika. Zikaiva za jirani. Nyanya za wauzaji wa Mtaa wa Sikukuu zikawa nyekundu kwenye matenga, mapapai yakalainika mikononi mwa waliokuwa wakiyapunguza bei, na pale sokoni, chini ya paa lenye nguzo zilizoachwa na Wajerumani, mananasi yaliyoshushwa asubuhi yakiwa magumu yalianza kutoa maji. Walioitwa kusaidia kubeba hawakutosha. Jioni ile mwezi ukaandama, na Kariakoo ilianza mfungo na mbivu tupu. Watu walisema Ramadhani imekuja na heri zake. Mzee Shaibu alimletea mgonjwa tende, kwa mkono wake mwenyewe, akaziacha mlangoni kwa staha.

Padri alikuja pia. Alimwambia Candida kwamba Mungu hutoa na Mungu hutwaa. Vitalis akamsindikiza na mkungu wa kisukari, akachagua ulio mzuri.

Alibaki mtu mmoja, na Candida alimngoja huyo tu. Kichwa sasa kilikuja bila kungoja mwezi, na kilipompa nafasi alihesabu malori. Isidori alifika katikati ya mfungo, na binamu zake wawili, matope mpaka magotini. Bi Zamda alimdaka mlangoni, akamwambia yote, hakuacha kitu, hata bakuli alikuwa amelihifadhi na akamwonyesha. Isidori hakuketi. Alipiga ukelele wa msiba pale pale ukumbini, mafundi bati wakanyamaza. Alimwita Vitalis mwuaji. Alimwita Blandina mchawi mla ukoo. Akasema ukoo wake umeuliwa ukiwa tumboni, na kwamba anamchukua mpwawe leo hii, na wauza ndizi wa Kariakoo nzima waende wakavundike kwa vichwa vya mama zao!

Candida, kwenye chumba cha ndizi, alisikia kila kitu. Msumeno ulikuwa umeanza kumeta tangu asubuhi, lakini alijikongoja akakaa, akakunja kanga zake mbili, akafunga furushi dogo. Aliona njia ya Matombo, nyumba ya mjomba, mto.

Wazee walikwenda kuongelea barazani, kwani mambo ya wakwe hayaongelewi kwa kusimama. Sauti zilikuwa juu. Mzee Shaibu aliitwa kusuluhisha. Sauti zikawa za kawaida, mtu akaagiza chai kwa ajili ya wasiofunga. Baadaye sauti zikashuka, na baada ya muda mrefu Candida akasikia mjomba wake akikohoa kile kikohozi chake cha mtu aliyeafiki, na mtu mwingine akacheka kidogo. Bi Zamda, aliyekuwa akisikiliza nyuma ya mlango, alipita uani akaingia chumbani kwake bila kumtazama Candida, akajifungia.

Isidori aliingia akiwa ameinama, kwa sababu mlango wa chumba kile ulikuwa mfupi. Alikuwa amebeba begani mkungu wa mzuzu, mbichi, mkubwa, wa shamba lake mwenyewe. Akaliona lile furushi. Akachuchumaa mbele ya mpwawe, akamshika shavu, na machozi yalimtoka ya kweli kabisa.

"Nimeongea nao," akasema. "Nimewaambia, na wamenisikia. Wamekiri kosa. Ukoo haufi kwa mimba moja, mwanangu, wewe bado kijana. Tumekubaliana mwakani, Idi ikishapita, wakupumzishe uzae mmoja. Tena mbele ya mashahidi." Akafuta pua. "Na tangu sasa ndizi za ukoo wetu zitakuwa zinaingia kwanza, kabla ya za mtu mwingine. Hata wao wameona ni haki. Kichwa ni cha kwetu."

Candida alimtazama kwa lile jicho lililobaki linaona. Mjomba hakungoja jibu. Alikata chane kwa kisu chake kidogo, moja moja, kwa ustadi, akazipanga kwenye majani makavu upande wa kulia wa mkeka. Kisha akalichukua furushi la kanga, akalituliza chini ya shingo ya mpwawe liwe mto, akamlaza, akamgeuza kidogo, panja lielekee zilipo.

Zilianza kuiva angali anapanga. Candida alizisikia, kijisauti kikavu cha ganda linalolegea. Isidori alimenya moja, akala, akala na ya pili. Akasema hajapata kuonja mzuzu mtamu namna ile.

"Mjomba," akasema Candida.

"Naam, mwanangu."

Akamwomba, kwa heshima anayostahili mjomba, arudishe mlango vizuri akitoka, kwa sababu mwanga ulikuwa unamuumiza.